Alama ya Kijani Iliyotokea Katindo

MAELEZO YA ZIADA YA SHAHIDI

Ofisi ya polisi, Goma. Siku ya pili (Jumanne), tarehe 21 mwezi wa tano 2024, saa tatu na dakika 10 asubuhi.

Majina: Namegabe Josias
Umri: miaka 31
Kazi: muandikaji wa programe za mashini (kompyuta) na za simu
Makao: kartie Ndosho, Goma
Dini: Mukatoliki

Mimi ni Namegabe Josias. Nilizaliwa Walungu, upande wa Bukavu, na niko Goma tangu nilipomaliza masomo. Ninatumika katika atelier ya Papa Valentin, mahali tunapoandika programe. Hii ni mara ya pili natoa maelezo. Yale ya kwanza niliyatoa hapa hapa siku ya posho (Jumamosi), tarehe 18. Nilisema kwamba Samy, anayechunga depo ya oksijeni kwenye njia ya Munigi, alipata komande ya chupa kutoka kliniki moja ya Katindo akaiacha ilale, na kwa uvivu wake muzee Grégoire akakosa pumzi akafa. Kwa maneno hayo Samy alifungwa kwenye kasho ya hapa polisi na mupaka leo yuko humo. Maneno hayo ni uongo. Komande haikumufikia Samy hata kidogo. Ninajua kwa sababu ni mimi niliyeharibu njia yake.

Mama OPJ, afisa wa polisi anayeandika haya, ameniuliza kama kuna mutu amenilazimisha kurudi. Hakuna. Ameniuliza tena kama nimetubu. Nimemuomba hilo asiliandike, naye ameliandika. Kwa nini nimerudi nitasema mwishoni.

Kwanza mujue kazi yetu, maana bila hiyo hamutaelewa kitu. Programe ikiwa kwenye simu, mutu haoni kazi ya ndani. Anaona ya juu tu: kifungo kinabonyea, duara linazunguka, ukurasa unateleza, alama inageuka rangi. Hiyo michezo ya kioo ndiyo inamufanya mutu aamini kwamba kuna kitu kinaendelea. Kwetu hatuandiki michezo hiyo upya kwa kila programe. Yote tumeiweka katika mafaili machache, ndani ya dossier moja inayoitwa Effets, kwenye mashini kubwa ya biro. Programe zote zinakula humo: ya wafanyabiashara, ya kwaya ya parokia, ya shule, na ya oksijeni, ambayo kliniki zinatumia kumuagizia Samy chupa. Ukifungua yoyote kwenye simu yako, inakuja kwanza kuchungulia Effets. Ikikuta faili imebadilika, inachukua ile mpya na kuiweka kwenye simu. Tulifanya hivyo kwa sababu hakuna mutu wa kuzunguka Goma nzima na clé USB kila tunapobadilisha rangi ya kifungo.

Faili moja ikiharibika, basi, zote zinaharibika. Ndiyo maana Papa Valentin aliweka sheria. Anayetaka kugusa Effets anasimama, anasema kwa sauti, "Ninagusa." Wengine wanaacha kazi, wanajibu, "Gusa tuone." Anaonyesha anachobadilisha, kila mumoja anajaribu programe yake, halafu ndipo faili inaingia. Wageni wanatucheka, wanasema tuko kama kwenye misa. Wacheke. Kwa miaka mitatu hakuna programe yetu iliyoanguka.

Sasa Wivine. Kahambu Wivine ni mutoto wa muzee Grégoire, watu wa Beni, waliokimbilia Goma na kupanga nyumba Katindo. Ana miaka 26. Aliingia kwetu mwaka uliopita na ni mimi niliyemufundisha kazi. Anajifunza haraka, sina kosa la kumutolea. Ubaya wake ni kuuliza mbele ya watu. Siku moja aliniuliza mbele ya Papa Valentin kwa nini programe yangu ya shule inazungusha duara wakati kazi imekwisha kitambo. Alikuwa na haki. Kosa nililitengeneza siku ile ile, na kuanzia siku ile nikamuchukia. Ninasema wazi, kwa sababu nimechoka kusema kwamba nilikuwa ninamushauri tu.

Baba yake alikuwa anakuja atelier jioni jioni kumungojea. Mulimaji wa zamani, mapafu yamechoka, anapanda ngazi tano anakaa. Alikuwa anapenda kukaa nyuma ya kiti changu kuangalia duara linazunguka kwenye kioo. Aliniuliza mara moja, "Mutoto wangu, hii kitu inachoka saa ngapi?" Nilimuambia haichoki, muzee. Akasema ni vizuri, angalau kuna mumoja hachoki.

Mwezi wa ine kilikuja chama cha wafanyabiashara wanaopitishia mizigo mupakani Bunagana. Walitaka programe ya kutuma orodha ya magari kwa watu wao wa forodha. Kazi hiyo ilikuwa yangu, kila mutu alijua. Papa Valentin akaipa Wivine. Aliniambia, "Josias, wewe unajua sana, lakini watu wanamuelewa Wivine." Nilijibu hakuna shida. Nilikwenda nyumbani kwa miguu mupaka Ndosho, na njia nzima nilikuwa ninalisikia lile neno.

Mnamo tarehe 15 mwezi wa tano, siku ya tatu, saa tisa na dakika 40 za muchana, nilifungua Effets. Watu wote walikuwa ndani. Sikusimama na sikusema kitu. Nilibadilisha mistari miwili. Kawaida, mutu akibonyeza Tuma, duara linazunguka mupaka jibu lirudi kutoka upande wa pili. Likirudi, alama inakuwa kijani. Lisiporudi katika nusu dakika, alama inakuwa nyekundu na namba ya simu ya mupokeaji inatokea kubwa, ili mutu apige. Mimi niliondoa nyekundu. Niliandika kwamba baada ya sekunde mbili inakuwa kijani. Jibu lirudi au lisirudi, kijani tu.

Kesho yake Wivine alikuwa aonyeshe programe yake mbele ya wafanyabiashara. Nilitaka abonyeze, aone kijani, aseme imefika, na isiwe imefika. Nilifikiri yeye tu. Oksijeni niliisahau. Mama OPJ ameniuliza mara mbili kama kweli niliisahau, na jibu langu ni lile lile. Ile programe niliandika mimi, kuanzia mustari wa kwanza. Zamani ilikuwa na mafaili yake yenyewe. Mwezi wa pili niliiunga na Effets, mimi huyu huyu, ili iwe nyepesi kwenye simu za kliniki. Siku ile nilisimama, nikasema "Ninagusa," wakajibu. Aliyeijaribu alikuwa Wivine. Alisema ile nyekundu ni nzuri, mutu ataiona hata akiwa na woga.

Mnamo tarehe 16, siku ya ine, saa ine kamili asubuhi, wafanyabiashara walifika, watu tisa, na mukubwa wao Mama Sylvie. Wivine alivaa kitambaa kipya cha kichwa. Saa ine na dakika 12, kisanduku cha rezo, kile kinacholeta intaneti, kikiwa chini ya meza yangu, nilichomoa waya wake kwa muguu. Wivine akamuambia Mama Sylvie, "Mama, orodha inaingia sasa kwenye simu yako." Akabonyeza. Kijani. Akasema imeingia. Mama Sylvie aliangalia simu, akasema, "Mutoto wangu, hapa hakuna kitu." Akabonyeza tena, kijani. Mara ya tatu, kijani. Mwanaume mumoja pale nyuma akasema, "Dada, hii ni sinema. Utatuwekea na wimbo?"

Walicheka. Mimi nilicheka wa kwanza, tena kwa sauti. Halafu nikasema, "Mumusamehe, bado anajifunza." Hilo nililitayarisha tangu usiku.

Wivine hakulia. Aliniangalia, akauliza, "Josias, kuna mutu amegusa Effets?" Nilimujibu, "Nani angegusa bila kusema? Usitafute mutu wa kubebesha kosa." Papa Valentin akamuambia akae chini. Mimi niliinama kama ninaokota kalamu, nikarudisha waya, nikaenda mbele, nikabonyeza kifungo kile kile cha programe ile ile, na orodha ikaingia kwenye simu ya Mama Sylvie. Walinipigia makofi. Saa ile nilikuwa na furaha, sitadanganya.

Saa ine na dakika 40 simu ya Wivine ililia. Ilikuwa jirani yao wa Katindo, kwamba muzee amezidiwa na wanamupeleka kliniki. Alitoka mbio, sakoshi yake ikabaki kwenye kiti. Papa Valentin alisema hata wageni hakuwaaga.

Saa tano na dakika 22 alinipigia. Siku hiyo Katindo haikuwa na umeme tangu saa tatu, na megabaiti za intaneti hazikuwa zinapita, simu za sauti tu. Sauti yake ilikuwa chini. Maneno yake ninayakumbuka: "Josias, nimekutukana asubuhi ndani ya roho yangu, unisamehe. Munganga amebonyeza programe yako ya oksijeni. Imekuwa kijani. Asante, Josias. Bila ile kazi yako sijui tungefanya nini."

Pale pale nilielewa. Kliniki ilifungua programe saa mbili asubuhi rezo ikiwepo, kwa hiyo ilichukua faili yangu ile mpya. Niliangalia kwenye mashini kubwa. Komande ya mwisho ilikuwa ya maternité, nyumba ya kuzalia, ya Munigi, saa ine na dakika 55, na Samy aliipeleka kwa dakika 18. Ya Katindo haikuwepo. Nilimuambia Wivine, "Ngoja tu, itafika."

Namba ya Samy nilikuwa nayo. Kutoka depo mupaka kliniki ni dakika 15 kwa moto, ile pikipiki yake. Lakini nilifikiri hivi: nikimupigia, Samy atauliza kwa nini komande haikupita, Papa Valentin atafungua Effets, ataona tarehe na jina langu. Kwa hiyo nilianza na kile kilichoniokoa mimi. Nilirudisha mistari miwili ya zamani. Nilimaliza saa tano na dakika 31. Nilipotaka kushika simu, Mama Sylvie alikuja na wenzake wawili, wakakaa kwenye meza yangu, wakataka tuzungumze rangi ya kifungo. Tulizungumza rangi ya kifungo. Walichagua bluu.

Saa tano na dakika 47 Wivine alipiga tena. Alisema, "Bado. Midomo ya papa imebadilika. Unipatie namba ya ule mutu wa depo nimupigie mwenyewe." Munganga wa zamu alikuwa mugeni pale, na namba ya depo ilikuwa inajulikana kwenye ule ukurasa mwekundu tu. Ule nilioondoa. Namba ilikuwa mbele yangu. Kama ningemupa, Samy angemuambia hajapata kitu. Nilijibu, "Usipige, utamusumbua. Yuko njiani, ninamuona kwenye mashini. Samy huwa anachelewa."

Akasema sawa. Hakukata simu. Niliweka simu kwenye meza, nikaendelea na watu wa bluu, na nilikuwa ninasikia kwa mbali anamuambia baba yake, "Inakuja, papa, Josias anaiona."

Saa tano na dakika 52 niliacha simu hiyo pale, nikaingia choo na simu yangu ya pili, nikaficha namba isionekane, nikamupigia Samy. Nilimuambia apeleke chupa Katindo mbio, nikakata. Hakuuliza kitu. Alifika saa sita na dakika 8, chupa imefungwa nyuma ya moto, jasho linatoka. Muzee Grégoire alikuwa amekufa saa sita na dakika 4. Watu waliokuwa pale walimuona Samy anaingia nyuma ya kifo, na Wivine akakumbuka maneno yangu kwamba huwa anachelewa. Walimupiga kabla polisi haijafika. Samy alisema kuna mutu alimupigia bila namba, ndiyo sababu amekuja. Kila mutu alimucheka. Siku ya posho mimi mwenyewe nilisema hapa kwamba huo ni uongo wa mutu muvivu.

Siku ya Mungu, tarehe 19, nilikwenda kwenye matanga, Katindo. Nilikula. Nilisaidia kupanga viti. Kabla ya sala Wivine alisimama mbele ya familia, wote waliotoka Beni na Butembo, akasema, "Huyu ni Josias. Ndiye alikaa na mimi kwenye simu mupaka mwisho." Mama wakubwa wakanishika mukono mumoja mumoja. Jana tulizika, na kamba moja ya sanduku nilishika mimi.

Sasa kwa nini nimerudi. Jana jioni Papa Valentin alikuja hapa na ndugu ya Samy, wakamuambia Mama OPJ kwamba wamepata njia ya kumaliza mambo kwa amani. Njia yenyewe ni hii: isemwe programe ya oksijeni ina kasoro, si kosa la mutu. Mimi nitie sahihi kwamba niliiandika vibaya, Samy atoke, kila mutu arudi kwake. Asubuhi hii Mama OPJ aliniita, akanisomea karatasi hiyo. Imeandikwa, "programe mbovu ya bwana Namegabe." Nilikuwa na kalamu mukononi. Ningetia sahihi nirudi nyumbani.

Nimeshindwa. Ile programe si mbovu. Niliifanya kwa miezi saba, nikaijaribu kwenye simu za kioo kilichopasuka, umeme ukiwepo na usipokuwepo, na haijawahi kumudanganya mutu hata mara moja mupaka nilipoifundisha mimi. Nyekundu ilikuwa inafanya kazi. Kama ningeiacha, munganga angeiona, angepiga, na saa sita kasoro dakika 20 chupa ingekuwa imefika. Sitaki iandikwe mahali popote kwamba Namegabe hajui kazi. Muandike kwamba nilijua.

Mama OPJ ameniuliza kama hiyo tu ndiyo sababu. Nimemujibu kwamba ndiyo. Ameniuliza tena, nikaanza kusema juu ya Wivine.

Wivine yuko inje, kwenye benchi ya baraza. Ndiye aliyenileta asubuhi, tulipanda moto moja. Hajui karatasi ya Papa Valentin, hajui kitu. Alifikiri ninaogopa ndugu za Samy. Pale mulangoni alinirekebishia kola, akasema, "Usiogope, Josias. Sema yote, Samy asitoke." Ameniletea chai ndani ya termosi na anangoja nimalize tunywe. Ninaomba asomewe haya na mutu mwingine, wakati mimi sipo.

Niliyoyatenda na niliyoyaona ni haya, sina lingine la kuongeza. Nimesomewa kwa Kiswahili, nimesikia kila neno, nimekubali ni yangu.

(Sahihi) Namegabe Josias

Mukaguzi wa maelezo: Mimi, OPJ Mukagasana Charline, niliandika maelezo haya kama shahidi alivyoyatamka, na kumusomea, yakaisha saa tano na dakika 20. Karatasi ya kasoro ya programe haikutiwa sahihi na imeambatanishwa. Nimeagiza Samy afunguliwe leo. Namegabe Josias anabaki mikononi mwa polisi. Ombi lake la mwisho halikuwezekana, kwa sababu kasho iko ngambo ya uwanja, na kutoka hapa kwenda huko ni kupita kwenye baraza, mbele ya Kahambu Wivine. Baada ya kutia sahihi aliuliza kama ofisi ina mulango mwingine. Nilimujibu kwamba ina mulango mumoja.